Sandra Palmer: Mwalimu wa Texas Aliyeuelekea Uwanja wa Gofu

Leo tunaelekea kusini mwa Marekani, katika jimbo la Texas, kwenye mji wa Fort Worth ulio kiasi cha kilomita 50 magharibi mwa Dallas. Ni mji uliokua kwa biashara ya ng'ombe, na wenyeji wake hadi leo hujivunia historia hiyo. Lakini mji huo una sifa nyingine ambayo huenda wengi wetu hatukuisikia. Umetoa mabingwa wa mchezo wa gofu, wanaume kwa wanawake. Wanaume wameandikwa sana. Leo tutamzungumzia mmoja wa wanawake hao, Sandra Palmer, aliyeanza maisha yake ya kazi akiwa mwalimu wa shule, akaliacha darasa mwaka 1964 na kuingia katika mchezo ambao wakati huo haukumwahidi mwanamke chochote cha uhakika.

Kwa wale wasikilizaji ambao mchezo huu ni mgeni kwao, tuseme maneno machache. Gofu huchezwa katika uwanja mpana wenye mashimo 18. Mchezaji huupiga mpira mdogo kwa fimbo maalumu hadi uingie katika kila shimo, na mshindi ni yule aliyetumia mikwaju michache zaidi. Huhitaji nguvu nyingi kuliko mwenzako wala mbio. Kinachohitajika ni utulivu wa moyo, mkono uliozoezwa kwa miaka mingi, na akili isiyovunjika pale mpira unapoelekea vichakani. Lakini yapo mahitaji mengine matatu ambayo hayamo katika mwili wa mchezaji. Anahitaji uwanja unaomruhusu kuingia, mwalimu aliye tayari kumfunza, na muda wa kusubiri mpaka mafunzo yazae matunda. Tukiyatazama maisha ya Sandra Palmer tunaona wazi kwamba mambo hayo matatu, ambayo mwanamume wa wakati wake aliyapata kwa wepesi zaidi, mwanamke alilazimika kuyatafuta moja baada ya jingine.

Sandra Palmer alizaliwa Fort Worth tarehe 10 Machi mwaka 1943. Alipokuwa na umri wa miaka 13, akiishi karibu na uwanja wa gofu katika jimbo la Maine, kaskazini mashariki kabisa mwa Marekani, alianza kufanya kazi ya kedi, yaani kuwabebea wachezaji mifuko yao ya fimbo. Kazi hiyo ya kubeba mifuko imekuwa mlango wa watu wengi wasio na mali kuingia katika mchezo wa matajiri. Huko Fort Worth kwenyewe, katika klabu iliyoitwa Glen Garden, vijana wawili waliozaliwa mwaka 1912, Ben Hogan na Byron Nelson, waliingia kwa mlango huo huo. Mwaka 1927 walikutana katika mashindano ya makedi wa klabu hiyo, na Nelson akamshinda mwenzake kwa tofauti ya mkwaju mmoja. Baadaye wote wawili wakawa miongoni mwa wachezaji wakubwa kabisa katika historia ya mchezo huo. Nelson alishinda mashindano 11 mfululizo mwaka 1945, naye Hogan alishinda mashindano makuu tisa. Uwanja wa Glen Garden ulifungwa mwaka 2014, lakini jina lake limebaki katika vitabu.

Hata hivyo, kedi mvulana na kedi msichana hawakuwa na mustakabali mmoja. Mvulana aliyekuwa hodari aliona mbele yake njia ndefu iliyokwisha kutengenezwa, yenye ajira katika vilabu, mashindano ya kulipwa na majina ya watu wa kuigwa. Kwa msichana, njia hiyo ilikuwa bado inafyekwa. Chama cha wanawake wanaocheza gofu ya kulipwa nchini Marekani, kinachojulikana kwa kifupi kama LPGA, kilianzishwa mwaka 1950 na wanawake 13 tu. Wanawake hao walicheza, na walipomaliza kucheza wakashughulikia wenyewe mambo ya kuendesha mashindano yao. Sandra Palmer alikuwa na umri wa miaka saba wakati huo.

Wapenzi wasikilizaji, Texas ina nafasi kubwa katika habari ya wanawake hao, na Fort Worth ilikuwa mmoja wa miji ambako sifa zao zilipatikana. Mkubwa wao kwa umaarufu alikuwa Babe Didrikson Zaharias, mzaliwa wa Port Arthur, aliyetwaa medali mbili za dhahabu na moja ya fedha katika riadha kwenye Michezo ya Olimpiki ya Los Angeles mwaka 1932, kisha akahamia katika gofu. Mwaka 1935 alishinda ubingwa wa wanawake wa Texas katika klabu ya River Oaks mjini Houston, na muda mfupi baadaye akazuiwa kushindana na wachezaji wa ridhaa, yaani wale wasiocheza kwa malipo, kwa hoja kwamba alikwisha pokea fedha kutokana na michezo. Alirejeshewa ruhusa hiyo mwaka 1943. Babe alikuwa mwanamke asiyeshindika kwa urahisi. Lakini mwaka 1948, katika fainali ya mashindano ya wazi ya wanawake ya Texas, alikutana na mchezaji wa ridhaa kutoka Fort Worth aitwaye Polly Riley. Riley alimshinda vibaya sana. Alikuwa mbele kwa mashimo kumi huku yakiwa yamebaki mashimo tisa tu, na mchezo ukaishia hapo.

Polly Riley huyo huyo ndiye aliyeshinda mashindano ya kwanza kabisa ya LPGA huko Tampa mwezi Januari mwaka 1950. Alishinda akiwa mchezaji wa ridhaa, kwa hiyo hakupokea zawadi ya fedha. Na jambo la kutafakari ni kuwa hakuwahi kuwa mchezaji wa kulipwa maishani mwake. Huo ndio uliokuwa uamuzi wa wanawake wengi hodari wa zama zile. Wangeweza kucheza kwa ubingwa wa hali ya juu na huku wakitafuta riziki mahali pengine. Kuufanya mchezo wenyewe kuwa riziki lilikuwa ni jambo la wachache waliothubutu.

Tumrudie sasa Sandra Palmer. Alirejea Texas, na katika ujana wake akashinda mara nne ubingwa wa wanawake wa Texas Magharibi. Alisoma katika chuo kikuu cha North Texas State kilichopo Denton, kaskazini mwa Fort Worth na Dallas, na mwaka 1961 akawa wa pili katika mashindano ya wanawake wa vyuo vya Marekani nzima. Mwaka 1963 akatwaa ubingwa wa wachezaji wa ridhaa wa jimbo la Texas. Tukumbuke hapa kwamba sheria ya Marekani inayozuia ubaguzi wa kijinsia katika taasisi za elimu zinazopata fedha za serikali, ambayo ndiyo iliyofungua milango ya ufadhili wa masomo kwa wanamichezo wa kike, ilitiwa saini mwezi Juni mwaka 1972. Msichana aliyekuwa wa pili katika nchi nzima mwaka 1961 alikuwa amezaliwa mapema mno kuweza kufaidika nayo.

Alipohitimu, Palmer akafanya kile ambacho wasichana wengi wasomi wa Texas walikifanya. Akawa mwalimu wa shule. Kazi ya ualimu ilikuwa na heshima na mshahara wa kila mwezi, na ilikuwa miongoni mwa kazi chache ambazo jamii ilimpa mwanamke msomi bila manung'uniko. Lakini hakukaa nayo muda mrefu. Mwaka 1964, akiwa na umri wa miaka 21, aliacha kufundisha na kujiunga na LPGA.

Mwaka huo huo wa 1964 alijiunga pia Althea Gibson, bingwa wa zamani wa tenisi wa Wimbledon, ambaye akawa mwanamke wa kwanza mweusi kucheza katika mashindano ya LPGA. Hatuwezi kusimulia habari za gofu ya wanawake nchini Marekani bila kulitaja hili. Gibson alikuta vilabu ambavyo havikumruhusu kuingia katika majengo yao kubadilisha nguo, ingawa alikuwa miongoni mwa washindani wa siku ile. Katika Texas kwenyewe ilibidi mahakama ya rufaa itoe hukumu mwaka 1951 dhidi ya mji wa Houston, ili watu weusi waruhusiwe kucheza katika viwanja vya gofu vya umma ambavyo kodi zao zilichangia kuvitunza. Kwa hiyo tunaposema kwamba uwanja ulikuwa hitaji la kwanza, tufahamu pia kwamba mlango uliomfungukia Palmer kwa shida haukuwafungukia wanawake wenzake wote kwa kiasi kile kile.

Hitaji la pili tulilolitaja ni mwalimu. Katika mji wa Austin, kiasi cha kilomita 300 kusini mwa Fort Worth, aliishi mzee mmoja aitwaye Harvey Penick. Mzee huyu, aliyezaliwa mwaka 1904, naye alianza akiwa kedi mdogo, na mwaka 1923 akawa mwalimu mkuu wa gofu katika klabu ya Austin. Alipata sifa ya kuwafunza mabingwa na wanaoanza kwa adabu ile ile, na ya kutomjaza mwanafunzi maneno mengi. Wanawake waliopitia mikononi mwake ni wengi. Miongoni mwao ni Betsy Rawls, aliyekulia Arlington, katikati ya Dallas na Fort Worth, akasoma fizikia katika chuo kikuu cha Texas, kisha akashinda mara nne mashindano ya wazi ya wanawake ya Marekani. Mwingine ni Kathy Whitworth, ambaye mama yake alimsafirisha kwa gari kutoka mji mdogo wa Jal huko New Mexico hadi Austin kwa ajili ya masomo hayo. Whitworth alimaliza na ushindi mara 88, idadi ambayo haijafikiwa na mchezaji yeyote, mwanamume wala mwanamke, katika mashindano ya kulipwa ya Marekani. Sandra Palmer naye alikuwa mwanafunzi wa Penick. Mwalimu aliyeacha darasa lake akawa tena mwanafunzi.

Hitaji la tatu ni muda, na hapa ndipo penye mtihani mkubwa wa maisha ya Palmer. Alikuwa mwanamke mfupi, mwenye kimo cha futi tano na kidogo tu, akishindana na wenzake waliompita kwa urefu na kwa umbali wa kupiga mpira. Mwaka 1964 ulipita bila ushindi. Ukapita wa 1965, na wa 1966. Kuanzia mwaka 1968 aliingia katika orodha ya wachezaji kumi waliojipatia fedha nyingi zaidi, na hakuondoka katika orodha hiyo hadi mwaka 1977, lakini bado kikombe hakikuja. Alikuwa mchezaji anayemaliza wa tatu, wa tano au wa saba, wiki baada ya wiki, kutoka jimbo moja hadi jingine. Ushindi wake wa kwanza ulipatikana mwaka 1971, miaka saba baada ya kuliaga darasa.

Ndugu msikilizaji, jaribu kuifikiria miaka hiyo saba. Wenzake waliobaki shuleni walikuwa na mishahara, nyumba na uhakika wa mwezi ujao. Yeye alikuwa na mfuko wa fimbo na barabara. Mtu anapolitazama jina la bingwa katika orodha ya washindi huona mwaka mmoja na ushindi mmoja. Orodha haionyeshi ni mara ngapi mtu huyo alifunga mizigo yake Jumapili jioni akijua kwamba ameshindwa tena. Wahenga walisema subira huvuta heri, lakini subira nayo ina gharama zake, na wengi wenye vipaji huikatisha njiani kwa kukosa nauli tu.

Baada ya mlango wa kwanza kufunguka, mingine haikukawia. Mwaka 1972 mashindano ya kale ya Titleholders, yaliyokuwa yamesimama tangu mwaka 1966, yalifufuliwa kwa mara moja katika uwanja wa Pine Needles, jimbo la North Carolina. Uwanja huo ulikuwa chini ya Peggy Kirk Bell, mchezaji wa zamani aliyegeuka kuwa mmoja wa walimu wa gofu walioheshimiwa zaidi nchini humo. Palmer alishinda hapo kwa tofauti ya mikwaju kumi. Huo ukawa ushindi wake wa kwanza katika mashindano makuu.

Kisha ukaja mwaka 1975, mwaka wa mavuno. Alishinda mashindano ya Dinah Shore huko California, yaliyokuwa na zawadi nono kuliko mengi ya wakati ule. Mwezi Julai akaenda katika uwanja wa Atlantic City, jimbo la New Jersey, kwa ajili ya mashindano ya wazi ya wanawake ya Marekani. Uwanja ulikuwa mgumu kiasi kwamba hakuna hata mchezaji mmoja aliyemaliza siku nne kwa idadi ya mikwaju iliyokadiriwa, yaani 288. Palmer alimaliza kwa mikwaju 295, saba zaidi ya makadirio, na hiyo ilitosha kumpa ushindi kwa tofauti ya mikwaju minne. Waliofungana nyuma yake walikuwa watatu: JoAnne Carner, Sandra Post wa Canada, na binti mwenye umri wa miaka 18, mchezaji wa ridhaa, aliyeitwa Nancy Lopez. Miaka mitatu baadaye Lopez angekuwa nyota mkubwa wa mchezo huo. Lakini siku ile alimtazama aliyekuwa mwalimu wa shule akibeba kikombe. Mwisho wa mwaka Palmer alikuwa amepata zaidi ya dola 76,000, akaongoza orodha ya mapato ya wanawake, na akatajwa kuwa mchezaji bora wa mwaka.

Hata hivyo, kuna hesabu moja ambayo inafaa tuiweke mezani. Kwa kushinda mashindano ya wazi ya wanawake ya mwaka 1975, Palmer alipewa dola 8,044. Katika mwezi uliotangulia, Lou Graham alishinda mashindano kama hayo kwa upande wa wanaume, yakiandaliwa na shirikisho hilo hilo, na akapewa dola 40,000. Mashimo ni 18 kwa wote, na siku ni nne kwa wote, lakini malipo ya mwanamke yalikuwa kama moja ya tano ya yale ya mwanamume. Mwaka 2024 mshindi wa wanawake, Yuka Saso, alipata dola milioni 2.4, na mshindi wa wanaume dola milioni 4.3. Pengo lingalipo, lakini limepungua. Halikupungua kwa hisani ya mtu. Limepunguzwa na vizazi vya wanawake waliokubali kucheza kwa kidogo ili mashindano yenyewe yasife.

Palmer aliendelea kushindana kwa miaka mingi. Ushindi wake wa mwisho aliupata mwaka 1986 akiwa na umri wa miaka 43, na jumla ya ushindi wake ikafika 19. Lakini jumba la mashujaa la LPGA lina kanuni kali ya alama 27, ambapo ushindi wa kawaida huhesabiwa alama moja na ushindi wa mashindano makuu alama mbili. Kwa hesabu hiyo Palmer alibakia nje. Miaka ikapita, na waliokuja baada yake wakaingia mbele yake. Hatimaye tarehe 10 Juni mwaka 2024, huko Pinehurst, North Carolina, aliingizwa katika Jumba la Mashujaa wa Gofu Duniani. Alikuwa na umri wa miaka 81. Katika hafla hiyo hiyo waliingizwa pia waasisi wa LPGA ambao walikuwa bado hawajapewa heshima hiyo, akiwemo Bettye Danoff wa Texas. Danoff alifariki dunia mwaka 2011, kwa hiyo hakuishuhudia siku hiyo. Palmer aliishuhudia kwa niaba ya wengi.

Wapenzi wasikilizaji, pengine atakuwepo atakayeuliza: habari hizi za Texas zinatuhusu nini sisi wa Afrika Mashariki? Zinatuhusu kwa sababu njia ni ile ile. Vilabu vya gofu vya Nairobi, Dar es Salaam na Kampala vilianzishwa enzi za ukoloni kwa ajili ya wageni, na Mwafrika aliingia humo kwanza akiwa amebeba mfuko wa mtu mwingine. Kutoka katika mazingira hayo alitokea Rose Naliaka, mwanamke wa kwanza wa Kenya kuwa mchezaji gofu wa kulipwa. Naliaka hakuishia katika kucheza. Alianzisha jijini Nairobi kituo cha kuwafunza wasichana wadogo mchezo huu, wakiwemo wale ambao wazazi wao wasingeweza kuwalipia ada ya klabu. Na mwezi Desemba mwaka 2019, katika uwanja wa Vipingo Ridge huko Kilifi, pwani ya Kenya, yalifanyika kwa mara ya kwanza katika Afrika Mashariki mashindano ya ziara ya wanawake wa Ulaya. Mshindi alikuwa Mjerumani, Esther Henseleit. Lakini wasichana wa pwani waliokuwa kando ya uwanja siku zile waliona kwa macho yao kwamba kazi hii inaweza kufanywa na mwanamke, na kwamba inalipwa.

Basi tukiyatazama maisha ya Sandra Palmer, hatuoni kipaji peke yake. Vipaji vimejaa katika kila kijiji. Tunaona uwanja uliomruhusu mtoto wa miaka 13 kubeba mifuko, mzee wa Austin aliyempokea mwanafunzi kutoka mbali, na miaka saba ambayo hakuna aliyemlazimisha kurudi nyumbani. Msichana anapokosa kimojawapo kati ya hivyo vitatu, hatujui tulichokipoteza, kwa sababu jina lake haliandikwi popote. Hilo ndilo jukumu la wazazi, la walimu wa michezo, na la wale wenye funguo za viwanja.